Mpira wa Kipindi cha Sita

Calloway, 3 Agosti 1957

Bwana Pettibone,

Jina langu ni Delmar Hruska. Mimi ndiye niliyekuwa narusha katika mchezo wetu wa besiboli na timu yenu juzi jioni, na mpira uliokupiga usoni ulitoka mkononi mwangu. Jana asubuhi nilipita hospitali kabla ya basi letu kuondoka. Muuguzi akasema wanaruhusiwa ndugu tu. Nikasimama kidogo pale ukumbini, kisha nikaenda zangu.

Naomba radhi. Joto lilikuwa kali, vidole vilijaa jasho, na mpira ukaniponyoka. Gazeti la hapa limeandika hivyo hivyo, kwa maneno yangu mwenyewe. Sikukusudia. Narudia ili usibaki na shaka: sikukusudia.

Meneja wetu, Bwana Tackett, alinikataza kukuandikia. Anasema barua huwapa watu mawazo. Nina miaka ishirini na mmoja na huu ndio msimu wangu wa kwanza kulipwa kwa kurusha mpira. Sijawahi kumuumiza mtu. Nakuombea upone haraka urudi uwanjani.

Wako mwenye huzuni,
Delmar Hruska


Pruitt Cove, Tennessee, 19 Agosti 1957

Bwana Hruska,

Mimi ni Corinne, mke wa Lonnie. Yeye anasema na mimi naandika, kwa kuwa daktari amemfunga macho yote mawili, ili lile bovu litulie lisifuate lile zima. Maneno yake ni haya:

“Mdogo wangu, nimecheza ligi ndogo miaka tisa. Nimepigwa mbavuni, kiwikoni, na mara moja makalioni mbele ya mama mkwe. Wote walisema mpira uliponyoka, na hakuna hata mmoja aliyenunua stempu. Wewe umeandika. Basi nenda kalale. Mkono wenye jasho ni mkono wenye jasho.”

Hayo ni yake. Haya ni yangu, naye hajui kama nayaandika. Siku moja kabla ya mchezo ule aliitwa ofisini, akaambiwa kwamba Septemba anapandishwa ligi kuu. Alinipigia simu akilia, mpaka nikadhani amefiwa. Sikuambii ili ulie. Nakuambia ili ujue.

Corinne Pettibone


Pruitt Cove, 11 Februari 1958

Mdogo wangu Delmar,

Utanisamehe mwandiko. Mistari inapanda mlima kwa sababu anayeiangalia ni mmoja badala ya wawili. Jicho la kushoto halipo tena. Walilitoa Oktoba. Ukija kunitembelea, usinikonyeze upande huo, utajichosha bure.

Nimepata kazi kwenye kiwanda cha mbao. Hawaniachii msumeno, natia alama za chaki tu. Ni kazi. Corinne ananipa kuku wa kukaanga kila Jumapili kana kwamba nitaota jicho jingine.

Nina ombi. Siku ile sina hata kipande chake kichwani. Nakumbuka mayai ya asubuhi, halafu nakumbuka dari la hospitali. Katikati hapana kitu. Ulikuwa mchezo wangu wa mwisho, Delmar, na mimi peke yangu ndiye ambaye sikuuona. Wenzangu wakinisimulia, kila mtu ana lake. Wewe ulikuwa umesimama hatua ishirini mbele yangu ukinitazama. Niandikie. Kila kitu, hata kama nilicheza ovyo.

Lonnie


Calloway, 20 Aprili 1958

Kaka Lonnie,

Nilianza barua hii mara tano.

Hukucheza ovyo. Kipindi cha kwanza ulikuja ukitafuna kijiti, ukachora mstari mdogo kwenye vumbi kwa ncha ya gongo lako la kupigia. Nilirusha wa kasi, chini, nikidhani nimekuweza. Uliupiga ukavuka ukuta wa kushoto, ukaangukia kwenye paa la duka la viatu. Ulikimbia taratibu, kichwa chini, bila kunicheka. Kipindi cha nne nilikurushia wa kupinda. Nao ukavuka. Mzee mmoja jukwaani alivua kofia akairusha uwanjani.

Kipindi cha sita mdakaji wangu, kule nyuma yako, aliomba mpira wa nje, mbali na wewe. Nilifuta vidole kwenye suruali lakini jasho halikukauka. Nilipouachia niliusikia ukiteleza. Nilipiga kelele “angalia!” lakini ulikuwa umechelewa kugeuka. Ndivyo ilivyokuwa.

Nawe nikuambie langu. Tangu siku hiyo siwezi kurusha karibu na mtu. Kila mpira unakwenda nje, na wapigaji wamejua, wanasimama wananisubiri huko huko. Wiki iliyopita niliwapa watu tisa njia ya bure hadi kituo cha kwanza, kwa mipira isiyopigika. Bwana Tackett anasema nisipojirekebisha kufikia Juni nitarudi Nebraska kupakia mahindi.

Delmar


Pruitt Cove, 2 Mei 1958

Mdogo wangu,

Barua yako imesomwa mezani kwetu mara nne. Juu ya duka la viatu! Corinne anasema mara ya tatu nilianza kuongeza chumvi. Asante. Umenirudishia kitu ambacho daktari hakuweza.

Sasa sikiliza mpigaji mzee. Wewe unamwangalia mtu usoni. Usiniulize nimejuaje. Mrushaji aliyemuumiza mtu hutafuta uso, anahakikisha bado upo. Acha uso. Tafuta goti la mbele, lile lililo karibu nawe. Rusha uupitishe shubiri moja mbele ya goti. Hakuna aliyekufa kwa goti. Ukizoea goti, panda kiunoni. Kifua kitakuja chenyewe. Na kabla ya kurusha toa pumzi yote, usibaki na hata tone, maana mwoga hurusha na pumzi kifuani.

Fanya hivyo wiki mbili kisha uniandikie. Mimi sitarudi kucheza. Basi acha angalau mmoja wetu acheze.

Lonnie


Calloway, 30 Agosti 1958

Kaka Lonnie,

Nimeshinda michezo kumi na minne. Mwaka ujao napelekwa daraja la juu, hatua moja tu chini ya ligi kuu. Goti, kiuno, kifua, kama ulivyosema. Waandishi wananiuliza nani alinifundisha, nasema ni rafiki yangu wa Tennessee, nao wanadhani ni mrushaji mstaafu.

Barua zako namsomea mama yangu kila ninapokwenda nyumbani. Anakaa na aproni yake, mikono ina unga, hanyanyuki mpaka nimalize. Amekutumia vimkate vya plamu, vya Kicheki, kama bibi yangu alivyovipika. Vikifika vimevunjika, mvile tu kwa kijiko.

Sijui nikushukuruje. Wakati mwingine natamani usingekuwa mwema hivi.

Delmar


Pruitt Cove, 16 Novemba 1958

Mdogo wangu,

Vimkate vilifika vizima. Corinne alificha nusu.

Nina habari chungu. Nina rafiki anaitwa Hershel Vance. Tumekua pamoja, tumevua samaki pamoja, tuliingia timu moja tukiwa na miaka ishirini. Siku ile alikuwa ameketi kwenye benchi letu. Mwezi uliopita ameacha mpira, amerudi hapa kupaka rangi nyumba za watu. Jumamosi, kwa kinyozi, mbele ya wanaume sita, alisema hukuponyokwa na kitu. Alisema alimwona Tackett akishika mkanda wake, ishara ya kumwangusha mpigaji, akamwona mdakaji akichomoa kidole gumba kunielekea, na akakuona wewe ukitikisa kichwa kukubali.

Barua yako ilikuwa mfukoni mwangu. Nilimsomea pale pale, yote, na jasho na “angalia!” Nikamwambia, huyu ameniandikia kwa mkono wake, amelia nami mwaka mzima, wewe una nini?

Hershel akasema, “Nina macho mawili.”

Kinyozi aliacha kunyoa. Hershel mwenyewe alishtuka, nilimwona, lakini neno lilikuwa limeshatoka. Nilimwambia asikanyage kwangu tena. Miaka ishirini na tano ya urafiki, Delmar. Nimekuandikia ili ujue nilikutetea, na kwamba siku ukisikia maneno hayo mahali, usijali. Hapa mjini hakuna anayeyaamini.

Lonnie


Kolin, Nebraska, 9 Desemba 1958

Kaka Lonnie,

Pole sana kwa habari ya rafiki yako. Benchi lenu lilikuwa mbali na mdakaji, na jua lilikuwa usoni kwao. Pengine aliona alichotaka kuona. Watu wengine wakikosa kufika mbali huwa na uchungu.

Theluji imeanza hapa. Mama anakusalimu wewe na shemeji Corinne. Krismasi njema.

Delmar


Pruitt Cove, 12 Septemba 1960

Bwana Hruska,

Lonnie amekuandikia mara tatu tangu mwaka jana, na hujajibu. Anasema huko ligi kuu ulikofika kuna shughuli nyingi. Ukiwa unarusha, anahamisha redio hadi dirishani, mahali inaposhika vizuri, anakaa na kiti chake hapo hata mvua inapoingia. Ukishinda anaenda kazini akipiga mluzi.

Mimi nakuandikia jambo jingine. Mama yake Hershel Vance alizikwa Alhamisi. Mwanamke yule alimlea Lonnie kama wake, alimlisha mwaka ambao baba yake hakuwa na kazi. Lonnie alivaa suti, akaenda mpaka lango la kanisa, akamwona Hershel mlangoni, akarudi. Alivua suti akakata kuni mpaka giza. Hershel haimbi tena kwaya. Watu hawampi kazi ya rangi kama zamani, kwa sababu mji huu unampenda Lonnie na umemwita Hershel mwongo, na watu hapa hushikilia kauli yao mpaka mwisho.

Nimesoma barua zako zote tena, moja baada ya nyingine. Ile ya Desemba, ile fupi, niliisoma mara mbili zaidi. Mtu asiye na kosa angekasirika. Wewe ulimsingizia mtu uchungu, kisha ukaandika habari za theluji.

Sina desturi ya kuuliza swali ambalo siwezi kustahimili jibu lake. Nakuuliza. Mpira ulikuponyoka?

Corinne Pettibone


Hotelini, St. Louis, 25 Septemba 1960

Kaka Lonnie,

Shemeji ameniuliza swali, lakini jibu ni lako.

Mpira haukuniponyoka. Vidole vyangu vilikuwa vikavu.

Baada ya ule wa pili kuvuka ukuta, Bwana Tackett alinijia benchini. Alikaa karibu yangu kama mtu anayetaka kuomba kiberiti. Akasema, “Huyu amekufanya mtoto mbele ya mji mzima. Akirudi, mlaze chini. Ukishindwa, nitatafuta mwanamume mwingine wa kurusha.” Kipindi cha sita alishika mkanda. Mdakaji alichomoa kidole gumba. Hershel aliona yote, na jua lilikuwa mgongoni kwao, wala si usoni. Nilitikisa kichwa.

Ningeweza kurusha mbavuni. Wengi hurusha mbavuni. Nililenga kichwa, kwa sababu nilikuwa na hasira na aibu ya mipira miwili, na kwa sababu nilitaka mzee yule aniite mwanamume. Sikupiga kelele “angalia.” Neno hilo nililiongeza nilipokuandikia, kwa kuwa lilipendeza. Ulipoanguka, sikusogea. Wenzako walikimbia, mimi nilibaki nimesimama na mikono kiunoni, nikawaza jinsi ninavyoonekana kutoka jukwaani.

Mengine niliyokusimulia ni kweli. Paa la viatu, kofia ya mzee, kijiti. Hukunicheka.

Nilipanga kusema ulipoandika juu ya jicho. Kisha ukaniomba nikusimulie siku ile, nikaona nikisema kweli nitakupoteza, na nilikuwa nimeshakupenda. Ulipoandika habari za Hershel nilikaa na barua yako kitandani siku nzima. Halafu nikaandika yale ya theluji. Kati ya yote niliyofanya, hilo ndilo linalonifanya nishindwe kujitazama ninaponyoa. Mpira nilirusha kwa sekunde moja. Barua ile niliiandika polepole, nikachagua maneno.

Goti lako limenifikisha hapa. Kila mchezo nilioshinda, umenishindisha wewe.

Sikuombi kitu.

Delmar Hruska


Pruitt Cove, 8 Oktoba 1960

Delmar,

Corinne alinikabidhi barua yako ikiwa imefungwa. Niliisomea uani.

Nilikwenda kwa Hershel kwa miguu. Alikuwa juu ya ngazi anapaka fremu ya dirisha lake. Hakushuka. Niliisoma kwa sauti nikiwa chini, naye akiwa juu. Nilipomaliza akaniomba niisome tena sehemu ya mkanda na kidole. Nikaisoma. Akasema, “Basi.” Akashuka, akaenda kukaa kwenye ngazi za mlango akiwa na brashi mkononi, rangi inamdondokea kiatuni. Nilimwambia pole kwa mama yake. Imechelewa wiki nne.

Jicho pengine ningekusamehe. Ulikuwa kijana, na mzee mshenzi alikuwa amekukalia sikioni. Nawajua wazee hao, nimecheza chini yao. Lakini mimi nilimwita Hershel mwongo kwa kinywa changu, kwa barua yako, na wewe ukanipa maneno zaidi ya kumwitia. Sioni hilo nitalifanya nini.

Usiniandikie. Anayekudai maneno ni Hershel, mwandikie yeye. Na uongo ulioupeleka gazetini, ukaukanushe huko huko ulikoupeleka.

Redio nimeirudisha mahali pake.

L. Pettibone


Kolin, Nebraska, 14 Machi 1961

Bwana Vance,

Hatujawahi kusemeshana. Uliona sawasawa. Hilo ndilo la kwanza, nami nimechelewa miaka mitatu na nusu kulisema.

Novemba niliandika kwa gazeti la Calloway na kwa ofisi ya ligi, nikaeleza kama nilivyomweleza Lonnie. Nakala ya gazeti nimeiweka humu. Bwana Tackett amesema mimi ni mgonjwa wa akili. Mdakaji amesema hakumbuki. Ligi ilinitoza faini na kunisimamisha mwezi mmoja wa msimu ujao. Januari timu yangu ikaniachia. Hawakusema ni kwa ajili hiyo, walisema bega langu halina miaka mingi. Bega langu halina tatizo. Nilipiga simu kwa timu nyingine nne, na kila moja ilikuwa imetosheka na warushaji.

Sasa napakia mahindi kwenye ghala la nafaka. Hapa Kolin walikuwa wamening'iniza picha yangu kwenye duka la dawa. Wameishusha. Mwenye duka alinipa mkononi, ikiwa imefungwa kwa karatasi ya kahawia, akaniuliza kama mama anahitaji kitu chochote. Ningependa angenitukana.

Mama alisoma gazeti akiwa amesimama. Alipomaliza aliniuliza jambo moja tu. “Zile barua ulizonisomea hapa mezani, yule mtu alikuwa akikuamini wakati wote huo?” Nikasema ndiyo. Akakunja gazeti, akarudi kukanda unga. Ananiwekea chakula kila siku. Mpira hajautaja tena, na barua hajaniomba tena nimsomee.

Sikuandikii ili unihurumie. Nakuandikia kwa sababu uliitwa mwongo kwa ajili yangu, na nilipoambiwa, nilikuongezea tusi. Nilisema una uchungu kwa kukosa kufika mbali. Sikukujua hata kwa sura. Nilihitaji uwe mtu mdogo, nikakufanya mdogo. Nasikia ulikosa kazi, na kwamba Lonnie hakuingia kanisani siku ya mazishi ya mama yako. Hayo yote ni yangu.

Barua hii ni mali yako. Mwonyeshe unayetaka.

Delmar Hruska


Pruitt Cove, 6 Aprili 1961

Delmar Hruska,

Mimi si mtu wa barua, kwa hiyo itakuwa fupi.

Nilipeleka barua yako kwa kinyozi nikaibandika kwenye kioo, pamoja na gazeti. Ilikaa pale wiki mbili. Hakuna aliyezungumza nami juu yake, isipokuwa mzee mmoja wa kanisa, aliyeniita nyumbani kwake kupaka rangi ghala ambalo halikuhitaji rangi. Nilipaka. Jumapili iliyopita nilirudi kwaya. Sauti imekauka, lakini walinisogezea nafasi.

Hata mimi nilimwambia Lonnie neno ambalo halisemwi kwa mtu aliyepoteza jicho. Kwa hiyo sijifanyi mtakatifu mbele yako. Nilikuwa na haki, nikaitumia kama kisu.

Sitasema nimekusamehe. Nikisema leo nitakuwa nasema ili niwe nimesema, na wewe umeshapokea na kutoa maneno ya namna hiyo ya kutosha.

Jana nilibandua barua yako pale kwenye kioo. Lonnie aliiomba, nikampa. Aliisoma mara moja, akauliza kama ghala la nafaka lina vumbi la kuumiza kifua. Nikamwambia mimi nitajuaje. Aliikunja akaiweka kwenye mfuko wa shati, si kwenye moto, na jiko lilikuwa linawaka mbele yake.

Alikukataza kumwandikia, na lake ni lake. Mimi hakunikataza. Ukiwa na la kusema, andika kwa anwani hii. Kwangu mpaka kwake ni dakika kumi kwa miguu, na siku hizi nakwenda kila jioni.

Hershel Vance